Chupa ya Munyu Jikoni kwa Memsabu

Mume wangu aliungua mkono Jumamosi asubuhi, kwa mafuta ya kondoo yaliyomwagika alipokuwa akiitoa nyama kwenye stovu. Ulikuwa mkono wa kulia, kuanzia vidoleni hadi karibu na kifundo. Alikuja mbio nyumbani kwetu kwenye laini za wafanyakazi, ameuficha ndani ya kanzu yake nyeupe ya kazi, akanionyesha. Ngozi ilikuwa imevimba na kung'aa. Sikumuuliza kama inauma. Nilimuuliza kama memsabu ameuona.

"Hajauona," akasema.

Ndipo nikaketi.

Msinione mwanamke mwenye roho ngumu. Ilikuwa wakati wa vita, na sisi tulikuwa watu wa magharibi tuliopanda Uasin Gishu kutafuta kazi kwenye mashamba ya ngano. Mume wangu alikuwa mpishi wa setla mmoja wa Kizungu, kati ya mji wa Eldoret na Plateau. Kila mwanamume mwenye kazi alining'iniza shingoni kibati chenye kipande, ile karatasi ya kazi, ndani, na mzungu akishaandika kwenye kipande hicho kwamba kazi imekwisha, nyumba nayo imekwisha. Hapakuwa na kusubiri mvua ipite wala mgonjwa apone. Jirani yetu mkamuaji alipigwa teke na ng'ombe akavunjika goti, na kabla goti halijapoa yeye na watoto wake walikuwa barabarani na vyungu vyao kichwani. Niliwasaidia kufunga mzigo. Nilijua namna ya kuufunga kwa sababu na sisi tulikuwa tumeshafungiwa hivyo hivyo.

Hilo lilitokea kwenye shamba letu la kwanza, upande wa Ziwa. Bwana wa kule aliamua hataki tena mpishi, akaandika kipande, tukaondoka nikiwa na mimba ya mtoto wetu wa kwanza. Uchungu ulinishika njiani. Nilijifungulia chini ya gari la ng'ombe lililovunjika gurudumu, mvua ikinyesha, mume wangu akishika blanketi kuziba upepo. Mtoto alikuwa wa kiume. Aliishi mpaka alfajiri. Tulimzika hapo hapo kando ya barabara ya watu, na kusema kweli, sijawahi kuisamehe barabara ile.

Sasa nilikuwa na mimba ya pili, imeshuka, miguu imevimba, na mwezi wa kujifungua ulikuwa umefika. Sikuwa naomba mambo makubwa. Nilitaka tu kuzalia ndani ya nyumba, hata kama ni ile ya udongo na nyasi ambayo si yetu. Mume wangu aliniita Mama ingawa hatukuwa na mtoto wa kumwonyesha mtu, nami nilimwita Baba kwa adabu hiyo hiyo. Kanisani watu walituachia tuitane hivyo.

Na mkono ungeweza kufichwa siku chache, kama si makaroni.

Mama yake memsabu alikuwa amekuja kwa treni kutoka Nairobi, kikongwe mwembamba mwenye tumbo bovu. Daktari alikuwa amemkataza nyama na mafuta, na vitu vyote alivyojua mume wangu kupika vilikuwa nyama na mafuta. Wiki nzima sahani zilirudi jikoni kama zilivyokwenda. Memsabu, ambaye Kiswahili chake kilikuwa cha kutosha kutuamuru tu, alikuja jikoni akasema, "Mama yangu hapana kula. Yeye nataka makaroni na mboga, kama ile ya Italia. Wewe jua pika?"

"Najua sana, memsabu," mume wangu akajibu.

Mdomo huponza kichwa. Alichojua ni hiki: mateka wa Kitaliano walikuwa wakijenga ukuta wa bwawa kwenye shamba la jirani, naye alikuwa akiwapelekea vitunguu na mayai mawili matatu, nao wakamwonyesha jinsi wanavyoukanda unga wao na kuukata. Aliona mara mbili. Alipika mara moja, tukala, mimi nikasema ni uji uliokatwakatwa.

Memsabu akamwambia, "Mzuri. Jumapili, saa ya chakula. Mama yangu hapana kula Jumapili, Jumatatu mimi nachukua mpishi ingine. Iko moja mjini."

Hiyo ilikuwa Ijumaa. Jumamosi mkono ukaungua.

Tulilala bila kulala. Alfajiri nikamwambia, "Mimi ndiye nitakayepika."

Akacheka kile kicheko cha mtu asiyetaka kulia. "Wewe? Unajua memsabu hataki mwanamke wa laini akanyage jikoni kwake."

"Atakuwa kanisani."

"Na mama yake?"

"Anakaa veranda ya mbele. Jikoni ni nyuma. Au sasa kikongwe anaona kupitia kuta?"

Nikachukua kikapu, nikatia majani ya kunde ya chakula chetu cha mchana, maana sikujua nitatoka saa ngapi, na chupa yangu ya munyu. Kwetu munyu ni maji yanayochujwa kwenye majivu ya maganda ya maharagwe, ya rangi ya chai hafifu. Mboga ngumu inalainika nayo, na rangi yake ya kijani inabaki. Mama yangu hakuwahi kubandika mboga bila munyu, na mimi pia sikuwahi.

Tulisubiri nyuma ya ua wa misonobari mpaka gari la bwana na memsabu lilipoondoka kwenda mjini. Boi wa nyumba alikuwa na ruhusa yake ya Jumapili. Tukaingia.

Nilikuwa sijawahi kuliona jiko lile kwa ndani. Lilikuwa jengo peke yake nyuma ya nyumba kubwa, lina stovu nyeusi ya kuni, meza ndefu iliyosuguliwa mpaka ikawa nyeupe, na kando ya stovu stoo ndogo ya kuni yenye mlango wa mbao. Sufuria zilipangwa ukutani kutoka kubwa mpaka ndogo. Nilitamani kuzigusa moja moja, lakini hiyo haikuwa siku ya kutamani.

"Unga," mume wangu akasema. "Ufanye kilima. Katikati chimba shimo. Mayai manne humo."

Nikafanya. Yai likapasua ukingo likakimbia juu ya meza mpaka sakafuni.

"Nimekwambia shimo!"

"Shimo hili hapa. Yai ndilo halikuambiwa."

Alitaka kunionyesha kwa mkono wa kushoto, akashindwa, akajipiga paja. Yeye ambaye kwa miaka yote hiyo hakuniruhusu hata kumkatia kitunguu, sasa alisimama mlangoni sikio moja likiwa barabarani, akinifundisha kwa mdomo. Nilimwonea huruma na nikakasirika, yote mawili kwa pamoja.

"Usikande kama ugali!"

"Ugali haukandwi, unasongwa. Kama hujui tofauti, nyamaza."

Donge likaanza kulainika. Nikalifunika kwa kitambaa lipumzike, kwa sababu Wataliano walisema lazima lipumzike, ingawa mimi ndiye niliyehitaji kupumzika. Tumbo lilikuwa limekaza. Niliegemea meza nikahesabu pumzi mpaka likaachia. Sikumwambia.

Kisha nikalisukuma donge kwa chupa tupu ya mvinyo mpaka likawa jembamba kama shuka lililochakaa, nikalikata kwa kisu vipande virefu vyembamba, nikavitandaza juu ya kitambaa kilichopakwa unga. Havikulingana. Vingine vilikuwa vya upana wa kidole, vingine kama kamba ya kiatu. Mume wangu alivitazama kama mtu anayetazama mahindi yaliyopigwa na mvua ya mawe.

"Kikongwe haoni vizuri," nikamwambia.

Mboga zilitoka bustani ya memsabu: karoti changa, vitunguu vya majani, nyanya, spinachi, na njegere. Karoti nilizikata nyembamba. Nyanya nilizimenya. Siagi iwe kijiko kimoja tu, alisema, kwa ajili ya tumbo la mgonjwa. Shida ilikuwa njegere. Zilikuwa zimekomaa kupita kiasi, ngumu kama risasi. Nilizibandika zikachemka na kuchemka, nikionja kila mara zinaniuma meno, na jua lilikuwa limeshapita katikati ya dirisha.

Ndipo tukasikia gari.

"Maji ya makaroni yako wapi?" akaniuliza, sauti imepanda.

"Yanachemka."

"Tia sasa! Na uyatoe yakiwa na moyo kidogo ndani, si laini kabisa. Mtaliano alisisitiza."

"Kumpa mgonjwa chakula kibichi!"

"Mama, nakuomba."

Akatoka kwenda kuvaa. Alikuwa ameufunga mkono kwa kitambaa, na juu yake alikuwa anavaa glavu nyeupe ambazo memsabu alimpa za Krismasi. Nikabaki peke yangu na njegere zangu. Mlango wa gari ukafungwa kwa kishindo upande wa mbele. Sikufikiri. Mkono ulikwenda wenyewe kikapuni kama unavyokwenda siku zote, nikafungua chupa, nikamimina munyu kwenye njegere. Povu likapanda, likashuka, na baada ya muda kidogo zikalainika, za kijani kibichi kuliko zilivyokuwa zikiwa shambani. Nikafurahi, nakwambia ukweli. Nikachanganya na karoti na nyanya na majani, nikamwaga juu ya makaroni, nikatia kile kijiko cha siagi. Kilikuwa chakula cha kupendeza macho.

Mume wangu akarudi, akachukua sahani kwa mkono wa kushoto, wa kulia akiuweka nyuma kama askari. "Ingia stoo," akanong'ona. "Usikohoe."

Nikajibanza kati ya kuni, mlango ukiwa na nyufa za kupitisha jicho. Nikamsikia memsabu kwa mbali akiuliza kwa nini amevaa glavu, naye akijibu kwamba ni kwa heshima ya mama mgeni. Halafu kimya. Kimya cha watu weupe mezani ni kizito, huwezi kujua kama wanakula au wanasali. Niliomba Mungu. Niliomba kikongwe ale, ameze, asitapike. Niliomba pia mtoto atulie, maana alikuwa akinipiga teke kana kwamba na yeye alitaka kuchungulia.

Mume wangu akarudi jikoni. Uso wake ulikuwa na jasho lakini alikuwa anatabasamu. Alinionyesha kwa kichwa: anakula. Alitaka kusema zaidi, ila viatu vya memsabu vilikuwa tayari vinagonga mawe ya uani.

Aliingia na uma mkononi. "Nini ndani ya chakula?"

"Mboga, memsabu. Ya bustani."

"Hapana. Iko ingine. Njegere kijani sana. Mimi naonja, iko kama majivu, kama sabuni." Kisha akaiona chupa. Nilikuwa nimeiacha mezani wazi, katikati ya maganda ya karoti. Akaichukua, akainusa, uso wake ukabadilika. "Hii nini?"

Siku zile uvumi ulikuwa unazunguka mashambani kwamba mpishi fulani, hakuna aliyejua wa shamba gani, alikuwa amemtilia bwana wake kitu kwenye kahawa. Wazungu walikuwa wananusa vikombe. Mume wangu alijua hivyo, nami nilijua. Pia alijua vizuri sana munyu ni nini, kwa kuwa alikuwa akiula tangu utotoni. Lakini akisema ni munyu, ataulizwa umefikaje hapa, na akijibu hilo mimi nimetokea.

"Sijui, memsabu," akasema.

Nilitaka kumpiga kwa gogo. Chupa ya maji ya kahawia jikoni kwake, karibu na sahani ya mgonjwa, naye hajui!

"Hapana jua?" Sauti ya memsabu ilishuka, na hiyo ndiyo iliyonitisha. "Mama yangu nakula hii. Mama yangu mgonjwa. Wewe natia dawa gani?"

"Hakuna dawa, memsabu."

"Mimi naita bwana. Bwana naita polisi."

Mume wangu alisimama pale akaangalia sakafu. Nikaelewa kwamba hatasema. Angeacha apelekwe kwa polisi kwa sumu asiyoitia, kuliko kufungua mlango wa stoo. Alidhani ananilinda. Mwanaume mpumbavu, mwenye upendo, alidhani ananilinda, na mimi nikiwa nimesimama gizani nikiona nyumba, kazi, na yeye mwenyewe vikiondoka kwa pamoja. Mficha uchi hazai, walisema wazee, na mimi nilikuwa na kuzaa mbele yangu. Nikausukuma mlango.

Memsabu alipiga kelele. Sishangai. Nilitoka na tumbo mbele, unga mpaka viwikoni, maganda ya kuni kwenye kitambaa cha kichwa.

"Ni chumvi, memsabu," nikasema. "Chumvi ya kwetu. Mimi ndio nimetia. Yeye hajui kitu."

Hakuelewa au hakutaka. Basi nikamnyang'anya chupa, ndiyo, nilimnyang'anya mzungu kitu mkononi, nikainywa. Nilikunywa mafunda matatu. Munyu si kitu cha kunywa. Ulinichoma ulimi na koo, macho yakatoka machozi. Nikaiweka chupa mezani nikasimama, ili anione nisivyoanguka.

Tukasimama hivyo wote watatu. Memsabu alinitazama usoni, kisha mikono, kisha meza, vile vipande vya makaroni visivyolingana vilivyobaki juu ya kitambaa. Halafu akamgeukia mume wangu.

"Toa hiyo," akasema, akionyesha glavu.

Mume wangu akavuta. Haikutoka. Kidonda kilikuwa kimelowesha kitambaa na glavu vikashikana. Akavuta tena, na nilisikia pumzi ikimkatika. Ngozi ilikuja nayo. Memsabu akaangalia dirishani.

"Wewe hapana mkono," akasema mwishowe, polepole. "Siku ngapi hapana mkono?"

"Jana tu, memsabu."

"Na nadanganya mimi."

"Ndiyo, memsabu."

Alinyoosha kiganja. Tulijua anataka nini. Mume wangu akaanza kutafuta uzi wa kipande shingoni kwa mkono wa kushoto, na mimi nikasikia tumbo linakaza tena, zaidi ya mara ya kwanza, na nikaiona barabara.

Hapo kengele ikalia mezani.

Ilikuwa kengele ndogo ya shaba ambayo kikongwe alipewa aitie watu. Memsabu hakusogea. Ikalia tena. Akatoka hadi mlangoni, akaita kwa Kiingereza, na sauti nyembamba ikamjibu kutoka ndani. Neno moja nililielewa, kwa sababu kila mtu aliyewahi kukaa karibu na meza ya mzungu analielewa. Alitaka sahani nyingine.

Memsabu akarudi. Wiki nzima mama yake hakuwa amekula zaidi ya maziwa. Alimtazama mume wangu na mkono wake, akanitazama mimi, akaona wazi kama mimi nilivyoona kwamba jikoni mle mlikuwa na mikono miwili tu inayojua kupika chakula kile.

"Pika," akaniambia.

Nikakunja mikono.

"Mama!" mume wangu akanong'ona.

"Nitapika, memsabu," nikasema. Maneno yalitoka yamenyooka. "Nitapika leo, nitapika kesho, kila siku mpaka mkono wake upone. Lakini hiyo kipande usiandike. Mtoto wangu wa kwanza nilizaa barabarani na akafa. Huyu sizai barabarani."

Sijui alielewa maneno mangapi. Lakini macho yake yalishuka kwenye tumbo langu, na nadhani ndiyo mara ya kwanza aliliona kama tumbo lenye mtu ndani.

"Lini?" akauliza.

"Mwezi huu."

Kengele ikalia mara ya tatu, kwa hasira sasa. Memsabu akafumba kiganja chake kilichokuwa kikingoja kipande, akakitia mfukoni mwa gauni.

"Hapana andika," akasema. "Pika."

Nikabandika maji.

Nilipika wiki hiyo na sehemu ya iliyofuata, kwa munyu kila siku, mume wangu akiwa ameketi kwenye kigoda karibu na stovu akiwasha kuni kwa mkono mmoja na kunilaumu kwamba nakata vibaya. Mpishi wa mjini hakuja. Siku niliyoshindwa kuinuka kwenda jikoni, mume wangu ndiye aliyekwenda, mkono ukiwa bado na magamba, na alfajiri hiyo bibi mmoja Mnandi wa laini yetu akanizalisha binti yangu, ndani ya nyumba, moto ukiwaka na mlango umefungwa.